Efrazia, Moshi wa Jiko Lako Bado Unapanda

Mwaka umetimia leo, Efrazia, tangu asubuhi ile paa la jiko lako lilipokosa moshi.

Aliyeona kwamba haupo ni Mwanamisi, jirani yako wa ng'ambo ya bonde. Miaka thelathini na ushei ninyi wawili mlijuliana hali hivyo. Yeye akifungua mlango wake anatazama kwako, wewe ukifungua wako unatazama kwake. Moshi ukiwa umepanda, basi mwenzako ameamka, ni mzima, kila mtu ashike jembe lake. Ukungu ukishuka mpaka mtu haoni hata mgomba wa mlangoni, mlikuwa mnagonga kinu: yeye mara tatu, wewe mara tatu, imetosha. Wenye simu walikucheka. Ukawaambia simu inakata chaji, kinu hakikati.

Siku ile hakukuwa na ukungu. Jua lilishafika kwenye mipeasi na paa lako lilikuwa tupu. Mwanamisi akamwambia mkwewe Zakia, "Efrazia hajawasha."

"Labda amelala, mama."

"Efrazia? Huyo hajalala na jua tangu nimjue."

Akavuka kijito, akaupanda ule mlima na goti lake bovu. Alikukuta kitandani umelala ubavu, blanketi limefika shingoni, uso umetulia. Jikoni kuni ulikuwa umezipanga kwenye mafiga tangu jioni, kama ilivyokuwa kawaida yako, bado kiberiti tu. Mwanamisi alikaa nawe kidogo. Halafu akaenda kuziwasha, maana watu wangekuja na maji ya moto yangehitajika. Kwa hiyo hata siku ile moshi wako ulichelewa. Kukosekana haukukosekana.

Kijiji chote cha Kwai kinakukumbuka kwa karoti. Wengine hufunga fungu, kubwa zikakaa nje na nyembamba kama vijiti zikafichwa katikati. Wewe ulichanganya tu, kubwa na ndogo zikae pamoja kama wanafamilia, na wanunuzi kutoka Mombo walizibeba za kwako bila kufungua. Ulikuwa unaziosha kijitoni alfajiri, maji yanauma kama siafu, na wewe unaimba sauti ya pili ya wimbo wa Jumapili ijayo. Kwayani walizoea kukuegemea. Ulipopata mafua, sauti ya pili yote ilipotea ikaenda kujiunga na ya kwanza.

Salamu ulizidai. Kijana akipita njiani akasema "mambo", ulimtazama mpaka arudi nyuma hatua tano aanze upya na shikamoo. Ukishamwitikia marahaba unamkatia peasi. Wapo ambao tunajua walikuwa wanakosea makusudi.

Zakia hajasahau kwamba siku zote arobaini za uzazi wake wa kwanza chupa ya maziwa ilivuka bonde. Na kuku wako wa Krismasi walichinjwa na Ismaili, mume wa Mwanamisi, ili kila atakayeingia ale bila kuuliza. Idi ulikula kwao, Krismasi walikula kwako. Ismaili anapenda kusema kwamba wewe ndiye Mlutheri pekee aliyemkosoa kwa pilau kukosa jira.

Halafu kuna kile kikombe.

Kaka yako Kristian hakuwa mtu wa kukaa. Shule aliisoma vipandevipande, darasa la tatu hapa Kwai, la nne kwa baba mdogo kule Mnazi, la sita hakulimaliza, gari la mkonge lilipita akapanda. Amekata mkonge, amebeba magunia ya chai Mponde, amepika machimboni, ameshuka na malori mpaka mpakani kwa Wazambia. Alioa akaachwa, na hakumlaumu aliyemwacha. Kila baada ya mwaka, miwili, mara moja miaka sita, alitokea kwenye kona ya mipeasi na begi lake. Na kila mara wewe ulisema maneno yaleyale: "Umefika. Kikombe chako hicho." Kikombe cha bati, ubavu umebonyea, kinaning'inia kwenye msumari wake. Hukumwekea mtu mwingine chai ndani yake. Wala hukuwahi kumuuliza ametoka wapi. Ulimuuliza kama amekula.

Efrazia, kwenye mazishi yako Kristian hakuwepo. Alikuwa Mnazi kwa rafiki yake Faraji wanavuna mahindi, simu haina chaji. Habari zilimfikia siku ya pili jioni, na siku ya tatu akafika kwenye kona yake. Clemence, mwanao, ndiye aliyemwona kwanza.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba."

"Tumeshazika, mjomba."

Kristian alisimama pale na begi. Maua juu ya kaburi yalikuwa yameanza kulegea, jirani na kaburi la marehemu mumeo Fanueli, chini ya mpeasi mkubwa. Hakulia mbele ya watu. Alikwenda jikoni, akakiona kikombe msumarini, akaweka begi chini. Mwanamisi alikuwa kwenye sufuria la maharage. Akakitungua, akakijaza chai, akampa.

"Umefika," alimwambia. "Kikombe chako hiki."

Siku ya kuanua matanga tuliketi uani kuamua habari za nyumba. Tunakueleza yote, kwa sababu wewe hukupenda mambo ya chini ya mkeka. Kuna mtu wa mjini alikuwa ameipenda sehemu yako kwa jinsi bonde linavyoonekana, anataka kuweka nyumba ya wageni. Clemence hakuwa na moyo mbaya. Alisema, "Mimi niko Morogoro, Scholastica yuko Tanga. Nyumba isiyo na mtu inakufa ndani ya mwaka. Mchwa ataanza, wezi wa bati watamaliza. Afadhali tuiuze ingali nyumba."

"Na makaburi?" Scholastica, binti yako, akauliza.

"Makaburi hayauzwi. Yatawekewa uzio."

Mwanamisi alikuwa amekaa pembeni na wanawake, mambo ya ukoo hayamhusu. Lakini alisema. "Na mimi asubuhi nitatazama wapi?"

Kristian akasema, "Nitakaa mimi."

Watu walicheka, Efrazia. Msiba ulikuwa umelegea kidogo na kicheko kilikuwa kinatafuta mlango. Clemence alicheka pia, kisha akafuta macho. "Mjomba wangu, nakuheshimu. Lakini wewe hujawahi kukaa mahali mpaka maharage yakomae."

"Nitakaa mwaka."

"Mwaka mzima?"

"Una miezi mingapi huo mwaka wenu?"

Basi tukapatana. Kama moshi utapanda kila asubuhi mpaka siku ya kumbukumbu yako, nyumba itabaki nyumba ya familia na mtu wa mjini atajibiwa hapana. Ukikatika hata siku moja, itauzwa, na Kristian hatakuwa na neno. Mwanamisi akawekwa shahidi, maana macho yake ndiyo yanayotazama huku. Alikubali, akasema hatampendelea mtu.

Wiki za kwanza kaka yako aliteseka. Si kazi iliyomtesa, kazi anaijua. Kilichomtesa ni kuamka na kukuta ukuta uleule. Alikuwa anatoka mpaka kwenye kona ya mipeasi, anaangalia barabara ya Lushoto inavyopinda, anarudi. Alipanda karoti zikaota zimebanana kama nywele. Mwanamisi akapita akaziangalia, akamwita bwana kwa Kisambaa.

"Mgosi, hizi unazipanda au unazimwaga?"

"Nimezipanda."

"Zing'oe nyingine. Karoti nayo inataka mahali pa kukaa."

Akang'oa, akilalamika. Maharage ya vuli yakakomaa mwezi wa kwanza. Alimpigia Clemence simu kumwambia hilo tu, akakata.

Mwezi wa pili Scholastica alikuja kutoka Tanga, akamhurumia mjomba wake kwa kifua chake na moshi, akamletea jiko la gesi na mtungi. Huruma njema kabisa. Asubuhi aliyoondoka, Kristian akaamka, akazungusha kitufe, mwali wa buluu ukatoka, chai ikachemka kabla hajamaliza kunawa uso. Akakaa kwenye kigoda na kikombe chake, anajiambia dunia imeendelea.

Saa mbili na nusu akasikia watu. Walikuwa wanapanda bonde, kumi na zaidi, Mwanamisi mbele anaburuta goti, Zakia nyuma yake, wanawake na kanga kichwani, na wanaume. Nyuma kabisa Ismaili, jembe begani.

Mwanamisi akasimama mlangoni, pumzi zimemwishia. Akamtazama Kristian, akatazama kikombe.

"Mgosi. Umekufa?"

"Bado. Nakunywa chai."

"Chai umepikia nini?"

Akaonyesha mtungi. Mwanamisi akaketi pale kizingitini, akafunika uso na kanga, na hatukujua kama analia au anacheka mpaka mabega yalipotulia. Zakia akasema, "Mjomba, umetuua magoti."

"Na wewe, jembe la nini?" Kristian akamuuliza Ismaili.

"Nilidhani nitalihitaji."

"Umeona sasa hulihitaji."

"Si kitu. Halitaoza."

Wakacheka wote, wakanywa chai, sufuria zima, na mafiga yakawashwa kwa sababu gesi haitoshi watu kumi na wanne. Lakini Kristian hakucheka sana. Patano lilikuwa patano. Aliushika uaminifu wake mkononi kama mtu anayeshika yai, halafu akampigia Clemence mwenyewe.

"Moshi umekosekana leo," alisema, akaeleza.

Tunajua Clemence mwezi ule alikuwa anafikiria ada za watoto na paa lake mwenyewe. "Mjomba, tulisema hata siku moja."

"Tulisema."

Mwanamisi akanyoosha mkono akaichukua simu. "Clemence, shikamoo yangu iko wapi?" Akaipokea, kisha akaendelea. "Sikiliza. Mimi ndiye shahidi. Siku mama yako alipotutoka, moshi wa jiko hili niliuwasha mimi saa tatu. Je, siku ile mama yako hakuwasha?"

"Mama alikuwa ameshapanga kuni."

"Basi. Na leo umepanda saa tatu kasoro. Umechelewa. Haukukosekana. Mwenye neno lingine apande mlima mwenyewe."

Clemence akakubali. Tangu siku hiyo mtungi uko pembeni, na kila asubuhi moto wa kuni unatangulia hata kama chai itapikwa kwenye gesi. Zakia anauita moto wa salamu.

Kuna jambo moja, Efrazia, ambalo Kristian alidhani ni lake peke yake.

Mwezi wa saba ukungu ulikaa siku tisa. Kila kitu kiliota kuvu, mpaka mkanda wa suruali. Faraji akampigia simu kutoka Mnazi, sauti ya mtu wa kwenye jua. Lori linapita asubuhi njia panda, linakwenda Songea, dereva anataka mtu mzima anayejua barabara. Miezi miwili, kisha anarudi. Kristian aliwaza usiku kucha, na alfajiri akapakia begi. Hakuwasha moto. Kuni zilikuwa zimepangwa, maana tabia hiyo ilishamwingia, lakini alijiambia: ukungu huu, nani ataona? Moshi na ukungu ni rangi moja. Akafunga mlango na kutoka.

Alifika kwenye kona ya mipeasi aliposikia kinu cha ng'ambo. Mara tatu.

Akasimama. Hakuliona bonde, hakuona hata mikono yake vizuri. Akaenda hatua chache. Kinu kikagonga tena, mara tatu, na safari hii kati ya pigo na pigo kulikuwa na nafasi kubwa, kama mtu anayesikiliza.

Alijua kitakachofuata. Mapigo ya zamu ya tatu yasipojibiwa, mwanamke wa miaka sabini atavuka kijito kwenye mawe yenye utelezi, na goti lile, ndani ya ukungu ule, kuja kumtafuta mtu ambaye yuko kwenye lori. Ukungu ulikuwa unaweza kuuficha moshi. Kinu haukuweza kukificha.

Alirudi anakimbia. Mtu wa miaka sitini na tisa, begi linampiga mgongoni, akaanguka mara moja kwenye tuta la karoti zako. Akashika mchi, akagonga. Ng'ambo ikanyamaza, kisha likaja pigo moja tu, la kusema nimesikia. Akawasha kuni. Akakaa mbele ya moto na viatu vya safari miguuni, na pale, kwa mara ya kwanza tangu ulipoondoka, alikulilia.

Simu ikaita. "Mgosi, lori liko hapa," Faraji akasema.

"Liende."

"Umepata kazi?"

"Nimepata."

"Kazi gani huko kwenye baridi?"

"Kuwasha moto."

Faraji alifikiri ni mzaha.

Ijumaa Clemence alifika kutoka Morogoro na Scholastica kutoka Tanga. Jana tuliketi uani palepale. Clemence alianza na mzaha, na wewe unamjua mwanao anavyokuwa akiwa na jambo zito. "Mjomba, maharage yamekomaa mara ngapi?"

"Mara mbili. Ya tatu yanasubiri mvua."

Akamgeukia Mwanamisi. "Mama, wewe ndiye shahidi. Unasemaje?"

Mwanamisi akainuka, jambo ambalo kwa goti lake si dogo. "Asubuhi zote za mwaka nimetazama. Zote moshi umepanda. Mbili alichelewa."

Kristian akainua kichwa. "Mbili?"

"Siku ya gesi, na siku ya ukungu."

"Siku ya ukungu nilijibu."

"Ulijibu. Mara nne. Mtu aliyeko nyumbani anagonga tatu. Anayegonga nne ametoka mbio mahali." Akamtazama kwa upole ambao hakuna mwingine aliyewahi kumpa isipokuwa wewe. "Sikukuuliza ulikuwa umefika wapi, mgosi. Nilisikia umerudi."

Kristian akasema yote mbele yetu, lori, begi, na kuanguka kwenye karoti. Hakuficha kitu. Akamwambia Clemence, "Kama hiyo ni kukatika, ni kukatika."

Clemence aliinuka akaenda mpaka makaburini, akasimama chini ya mpeasi kwa muda. Alirudi na simu sikioni. Tulimsikia anamwambia yule mtu wa mjini, "Hapana, mzee. Si bei. Nyumba ina mtu." Kisha akatuambia Desemba analeta bati jipya la upande wa jikoni, maana lile limetoboka kwa moshi.

"Likitoboka tena?" Scholastica akamchokoza.

"Nitaleta jingine."

Kwa hiyo, Efrazia, nyumba yako haiuzwi. Tumekuwekea msalaba wa saruji, jina lako limeandikwa vizuri, na Ismaili amelima pembeni kwa jembe lake lile, akisema alijua siku moja litapata kazi.

Kaka yako hajageuka mtu mwingine, tusikudanganye. Kesho anashuka Mnazi kumwona Faraji, kuota jua siku nne. Ameomba ruhusa kama mtoto wa shule, na Clemence amekubali kubaki na moto. Tumemwona jioni hii Kristian akiingia jikoni. Ameosha kikombe akakitundika msumarini. Kisha amepiga magoti, akapanga kuni za asubuhi kwenye mafiga, nyembamba chini, nene juu, kama ulivyokuwa unapanga. Amemwonyesha Clemence kiberiti kilipo.

"Saa kumi na mbili na robo," alimwambia. "Mwanamisi anatazama."

Tunaokukumbuka ni sisi: kaka yako Kristian, wanao Clemence na Scholastica, wakwe na wajukuu zako, ndugu wote wa Kwai na Mnazi, wanakwaya wa sauti ya pili, na wa ng'ambo, Mwanamisi, Ismaili na Zakia, ambao damu haikutuunganisha nao lakini asubuhi zimetuunganisha.

Pumzika kwa amani. Hatutakusahau hata asubuhi moja.